Miti na Mbao katika Stardew Valley: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Majibu haya ni ya Stardew Valley, gemu ya kuendesha shamba, na yanafuata toleo la 1.6, lililotoka kwenye kompyuta Machi 2024 na kufika kwenye simu na konsoli Novemba mwaka huohuo. Kama bado unacheza toleo la zamani, hesabu nyingi ni zilezile. Pale zilipobadilika tumesema.

Mti mmoja unahitaji mapigo mangapi ya shoka?

Mti uliokomaa hukatwa mara mbili: kwanza unauangusha, kisha unang'oa kisiki. Kwa shoka la mwanzo ni mapigo 10 kuangusha na 5 kwa kisiki, jumla 15. Shoka la shaba linahitaji 8 na 4, la chuma cha pua 6 na 3, la dhahabu 4 na 2, na la iridiamu 2 na 1. Yaani mwenye shoka la iridiamu anamaliza mti mzima kwa mapigo matatu.

Hesabu hii ni ya mwaloni, msonobari na mepo (maple), miti mitatu inayojaa shambani tangu siku ya kwanza. Vijiti vilivyotapakaa chini vinakwenda kwa pigo moja na kutoa mbao moja moja.

Mbona nguvu zinaniishia kabla ya saa sita mchana?

Kwa sababu bei halisi ya mbao ni nguvu. Pesa na muda vinafuata nyuma. Kila pigo la shoka linakula nguvu 2, na hupungua kwa 0.1 kila unapopanda ngazi moja ya ustadi wa porini (ule wenye kuhusika na miti na matunda ya mwituni). Ukiwa ngazi ya 0 na shoka la mwanzo, mti mmoja na kisiki chake vinakugharimu nguvu 30. Unaamka na nguvu 270. Hiyo ni miti 9, basi, na hujamwagilia hata mche mmoja. Kwa shoka la iridiamu mti uleule unakula nguvu 6, na ukifika ngazi ya 10 unakula 3 tu.

Pigo la hewani nalo linatozwa. Wanaocheza kwenye simu ndio hupoteza zaidi hapa, maana kidole kikigusa mraba wa pembeni shoka linachapa upepo na nguvu imekwenda.

Nguvu zikikaribia kuisha na bado unataka mbao, angusha miti na uache visiki. Sehemu kubwa ya mbao inatoka kwenye mti unapoanguka. Kisiki kinakula theluthi nzima ya mapigo na kutoa mbao chache. Rudi kwa visiki siku nyingine. Usiruhusu mstari wa nguvu ufike sifuri: mhusika anatembea kama mgonjwa, na kesho yake unaamka na nusu ya nguvu. Ukiendelea kufanya kazi hadi chini ya sifuri kwa kiasi cha kutosha, unazimia palepale.

Nirudishe nguvu kwa njia gani bila kutumia pesa?

Kuna njia mbili zinazomfaa mkata miti. Ya kwanza ni kitafunio cha porini kinachotengenezwa kwa mbegu moja ya mwaloni, moja ya mepo na koni moja ya msonobari. Kinarudisha nguvu 45, na maelekezo yake unayapata ukifika ngazi ya 1 ya ustadi wa porini. Mbegu zenyewe zinadondoka kwenye miti unayokata, kwa hiyo msitu unajilipia. Ila usizile zote, utazihitaji kupanda.

Njia ya pili ni bwawa la maji ya moto karibu na reli, kaskazini mwa mji. Njia ya kwenda huko inafunguka tarehe 3 ya kiangazi, mwaka wa kwanza. Ingia majini, simama tu, na mstari unajaa bure. Miti iko hapohapo karibu na reli, kwa hiyo unaweza kukata, kuoga, ukakata tena.

Kula utomvu ni kosa: unapunguza nguvu badala ya kuongeza.

Nifyeke shamba zima mwanzoni?

Hapana. Hili ndilo kosa linalowagharimu wengi. Shamba lililojaa miti linaonekana chafu, na mchezaji mpya hutaka kulisafisha kabla ya kupanda chochote. Anamaliza nguvu za wiki mbili kwa shoka dhaifu, anabaki na mbao asizohitaji bado na pesa hana.

Safisha eneo dogo mbele ya nyumba, linalotosha mbegu unazoweza kumwagilia. Kata miti ya kutosha kutengeneza sanduku la kwanza (mbao 50). Baada ya hapo kata kwa lengo, jengo kwa jengo, na uache miti ya mbali isimame mpaka upate shoka bora. Mti uliosimama hauozi wala hauibiwi. Ule wa nguvu 30 leo utakuwa wa nguvu 18 ukiwa na shoka la chuma cha pua, na chini ya hapo kadiri ngazi yako inavyopanda.

Nitahitaji mbao kiasi gani mwaka wa kwanza?

Haya ndiyo mambo yanayomeza mbao mapema: sanduku 50, banda la kuku 300 (pamoja na mawe 100 na 4,000g; g ni pesa ya gemu), zizi 350 (mawe 150 na 6,000g), daraja lililovunjika ufukweni 300, kifurushi cha ujenzi (orodha ya vitu vya kutoa) kwenye jumba la jamii mbao 99 mara mbili, na upanuzi wa kwanza wa nyumba 450 (pamoja na 10,000g). Jumlisha: 1,648. Ni takriban miti mia moja. Ukikata yote kwa shoka la mwanzo ukiwa ngazi ya 0, zingekuwa nguvu 3,000, zaidi ya siku 11 za nguvu kamili bila kazi nyingine yoyote.

Tunashauri daraja la ufukweni litangulie kuliko watu wengi wanavyodhani. Upande wa pili kuna matumbawe na vitu vingine vya bahari vya kuokota kila mara, na mbao hizo 300 zinarudi kama pesa haraka. Zizi linaweza kusubiri.

Mapipa ya kutengenezea divai (keg) ndiyo yanayoanza kukausha ghala baadaye: kila moja linataka mbao 30, mkuo wa shaba, mkuo wa chuma na utomvu mzito wa mwaloni. Ukitaka mapipa hamsini, hizo ni mbao 1,500.

Je, ninunue mbao kwa Robin, seremala?

Mwaka wa kwanza, ndiyo, ukiwa na pesa za ziada. Anauza mbao moja kwa 10g. Mbao 450 za nyumba zinakuwa 4,500g, na nguvu zako zinabaki kwa mgodi au mimea. Kuanzia mwaka wa pili bei inaruka hadi 50g, na hapo kununua hakuna maana tena isipokuwa umebakiza mbao chache kumaliza jengo.

Kwa hiyo siku za mwisho za majira ya baridi, mwaka wa kwanza, ni wakati wa kuweka akiba kwenye masanduku. Tarehe 28 ni Jumapili, na duka liko wazi. Hufungwa Jumanne, na wengi hufika mlangoni siku hiyo wakakuta patupu.

Kuuza mbao usijaribu. Moja inalipa 2g.

Shoka niliboreshe lini, na kwa gharama gani?

Mhunzi Clint anataka mikuo mitano ya madini husika na pesa: shaba 2,000g, chuma cha pua 5,000g (mikuo ya chuma), dhahabu 10,000g, iridiamu 25,000g. Mkuo mmoja wa shaba unatokana na mawe ya shaba matano na kaa moja kwenye tanuru.

Kazi inachukua siku mbili, na kinachohesabiwa ni usiku. Ukimpa Jumatatu muda wowote kabla hajafunga, unalichukua Jumatano asubuhi. Kwa hiyo kata miti asubuhi, kisha ufike kwake kabla ya saa 10 jioni (saa ya gemu inaonyesha 4:00). Anafungua saa 3 asubuhi. Ukiwa umeshakamilisha jumba la jamii, kumbuka kwamba Ijumaa hayupo dukani.

Mambo matatu huharibu mpango. Moja, Clint hapokei kifaa cha pili wakati cha kwanza bado kiko kazini, kwa hiyo ukimpa sururu, shoka linasubiri. Mbili, ukienda kuchukua kifaa na begi limejaa, hakuna pa kukiweka. Tatu, siku hizo mbili huna shoka kabisa, hata kijiti kilichoziba njia utakizunguka. Zipangie mgodini au kuvua samaki.

Kati ya shoka na sururu, kipi kitangulie? Wachezaji wanabishana. Msimamo wetu: sururu la shaba likusaidie kushuka mgodini, halafu shoka lifuate moja kwa moja hadi chuma cha pua bila kupumzika kwenye shaba. Sababu iko katika swali linalofuata.

Kisiki kikubwa kinasema shoka langu ni dhaifu. Nifanyeje?

Visiki vikubwa vinataka angalau shoka la shaba. Magogo makubwa yaliyolala yanataka la chuma cha pua. Hakuna njia ya mkato. Kupiga mara mia kwa shoka la chini yake hakuleti hata ufa.

Kisiki kikubwa kinatoa mbao ngumu 2, gogo kubwa linatoa 8, na kila kimoja kinaongeza alama 25 za ustadi wa porini. Mti wa kawaida unaongeza 12, na kisiki chake 1.

Mbao ngumu zinapatikana wapi kila siku?

Secret Woods. Mlango wake uko pembe ya kaskazini-magharibi ya Cindersap Forest, msitu ulio kusini mwa shamba, na umezibwa na gogo kubwa, ndiyo maana tunasisitiza shoka la chuma cha pua. Ukishalikata, ndani utakuta visiki vikubwa sita vinavyorudi kila siku. Hizo ni mbao ngumu 12 kwa ziara moja. Beba upanga pia, kwa sababu humo mna slaimu, viumbe wanaokushambulia.

Sasa pigia hesabu. Banda la farasi linataka mbao ngumu 100, mikuo mitano ya chuma na 10,000g. Ziara tisa zinatosha. Upanuzi wa pili wa nyumba ni 100 nyingine na 65,000g (zamani ilikuwa 150 na 50,000g). Kutengeneza boti ya kwenda Ginger Island, kisiwa kinachofikiwa baadaye katika gemu, ni 200. Asiyepita Secret Woods mara kwa mara mwaka wa kwanza hujikuta amekwama mwaka wa pili akiwa na pesa nyingi na hana cha kujengea, kwa kuwa Robin hauzi mbao ngumu.

Waliochagua shamba la msitu mwanzoni wana bahati: upande wa magharibi wa shamba lao kuna visiki vikubwa vinane vinavyorudi kila siku, sawa na mbao ngumu 16. Kwao shoka la shaba peke yake linaleta faida mara moja, na ule ushauri wa kupita shaba haraka hauwahusu sana.

Baadaye kuna mikangazi ya Ginger Island. Mti wake unatoa mbao ngumu badala ya za kawaida, na mbegu zake unaweza kuzirudisha bondeni ukapanda shambani kwako.

Nimepanda mbegu, mbona miti haikui?

Kagua mambo haya kwa mpangilio huu.

Majira kwanza. Miti ya porini haikui wakati wa baridi bila mbolea ya miti. Ukipanda mwisho wa majira ya kupukutika, mbegu italala mpaka mwezi wote wa baridi uishe.

Nafasi ndiyo sababu ya pili, na ndiyo inayosahaulika zaidi. Mti hauwezi kufikia ukubwa wa mwisho kama moja ya miraba minane inayouzunguka ina mti uliokomaa. Unabaki kijana milele, hata ukisubiri miaka. Acha mraba mmoja mtupu kati ya mti na mti, pande zote. Eneo la miraba 9 kwa 9 likipandwa hivyo linabeba miti 25, na unaweza kupita kati yake na shoka.

Kisha bahati. Kila usiku mche una nafasi ya asilimia 20 ya kupanda hatua moja, kwa hiyo mmoja unaweza kukomaa mapema na jirani yake akachelewa sana. Kwa wastani ni karibu mwezi mzima wa gemu. Mkangazi ni mgumu zaidi: asilimia 15.

Mbolea ya miti inafuta kubahatisha kwa miti ya kawaida. Inatengenezwa kwa nyuzi 5 na mawe 5, maelekezo yake yanakuja ngazi ya 7 ya ustadi wa porini, na mche uliowekewa unapanda hatua kila usiku, hata wakati wa baridi. Kwa mkangazi haitoi uhakika. Inapandisha nafasi hadi asilimia 60. Kwa lile eneo la miti 25 utahitaji nyuzi 125 na mawe 125, na msitu mzima unakuwa tayari chini ya wiki. Mbolea haiondoi sharti la nafasi. Ukibananisha miti, umepoteza nyuzi zako.

Miti inaota ovyo katikati ya njia zangu.

Miti iliyokomaa shambani hurusha mbegu karibu yake usiku. Usipoangalia, kona uliyoisafisha mwaka jana inarudi kuwa pori. Sakafu na vijia vya mawe au mbao vinazuia mbegu kushika kwenye mraba ulipoviweka. Mche mdogo ung'oe mapema. Kwa pigo moja umeisha, ukingoja ukomae unalipa bei kamili.

Mtu mwenye busara anatenga kona moja ya shamba iwe msitu na kuiacha ijipande yenyewe. Anachofanya ni kupunguza miche iliyobanana.

Mbegu hazidondoki kabisa ninapokata.

Uko ngazi ya 0. Mbegu zinaanza kudondoka ukifika ngazi ya 1 ya ustadi wa porini, inayohitaji alama 100. Miti minane pamoja na visiki vyake inatoa 104.

Ngazi ya 5 ya ustadi wa porini nichague taaluma gani?

Ukitaka mbao, Forester: asilimia 25 zaidi kwa kila mti. Ngazi ya 10 inakupa Lumberjack, na hapo miti ya kawaida nayo inaanza kutoa mbao ngumu mara mojamoja, au Tapper, inayopandisha bei ya vitu vinavyogemwa kwa asilimia 25. Njia ya Gatherer ni ya waokotaji wa matunda na uyoga. Haina faida kwa shoka.

Lumberjack inaipita Tapper kwa mbali kwa mtu anayejenga. Kufika ngazi ya 5 ni alama 2,150, sawa na miti 166 ukikata miti tu, kwa hiyo una muda wa kufikiri.

Mti umeanguka, mbao sizioni.

Mti huanguka kuelekea mbali na wewe, kushoto au kulia, na mbao zinatua pale kilele kilipofikia. Ukisimama kushoto kwa mti wenye mto upande wake wa kulia, mbao zinaelekea majini. Zunguka kwanza, usimame upande wa maji, ndipo upige. Mti hauumizi mtu wala mimea ukiangukia, lakini shoka lenyewe likipiga mmea linaweza kuuondoa. Angalia mraba ulio mbele yako ukikata katikati ya shamba.

Kama begi limejaa, mbao zinabaki chini na hupotea usiku ukilala. Mbao zinajazana 999 katika nafasi moja, kwa hiyo nafasi moja ya begi inatosha.

Utomvu una kazi gani?

Viwili vinatengeneza mbolea ya msingi moja. Viwili na mbao moja vinatengeneza mwenge. Weka akiba kidogo, usijali zaidi.

Bora kugema mti au kuukata?

Mwaloni usikate wote. Chombo cha kugema kinataka mbao 40 na mikuo miwili ya shaba. Kikikaa kwenye mwaloni kinatoa utomvu mzito unaohitajika kwa kila pipa, takriban kila wiki. Msonobari unatoa lami yake kwa siku 5 hivi, mepo unatoa sharubati kwa siku 9 hivi, na sharubati hiyo ndiyo inayohitajika kujenga mizinga ya nyuki. Mwenye nia ya kuuza divai anapaswa kuwa na mialoni kumi au zaidi iliyovishwa vyombo kabla hajafikiria mapipa.

Ukipiga kwa bahati mbaya mti wenye chombo, pigo la kwanza linakidondosha chombo na mti unabaki mzima. Kirudishe mahali pake, ila kilichokuwa kinakusanyika kinaanza upya.

Nichome mbao zangu kupata makaa?

Tanuri la makaa linageuza mbao 10 kuwa kaa 1 kwa dakika 30 za gemu. Mwaka wa kwanza, mbao 10 kwa Robin ni 100g na kaa kwa Clint ni 150g, kwa hiyo kuchoma mbao za kununua ni nafuu. Mwaka wa pili mbao hizohizo zinakuwa 500g na kaa 250g, na mpango unageuka hasara. Mbao ulizokata mwenyewe zichome tu pale mikuo imekwama kwa kukosa makaa na huna jengo linalosubiri.

Miti ya nje ya shamba inarudi?

Inarudi, polepole, pale mraba wake ukiwa mtupu. Kwa hiyo ukikata Cindersap Forest, kando ya kituo cha basi au karibu na reli, maliza na visiki. Kisiki kilichoachwa kinakalia nafasi ambayo mti mpya ungeota. Hakuna mwanakijiji atakayekulalamikia kwa kukata huko, na ni vyema kuanzia nje na kuweka miti ya shambani kama akiba ya siku ambazo mimea imekubana na huwezi kutoka.

Kuna kitu zaidi ya shoka la iridiamu?

Kalibu ya uhunzi (Forge) iliyo juu ya volkano ya Ginger Island inaweza kulitia shoka uwezo wa ziada kwa kipande kimoja cha prizimati (kito adimu) na vipande 20 vya majivu magumu ya volkano. Kinachotoka ni bahati nasibu. Shaving inaongeza nafasi ya kupata mbao za ziada, Efficient inafuta kabisa gharama ya nguvu, Swift inaharakisha kupiga, na Powerful inaongeza uzito wa pigo. Kwa mkata miti anayekusanya mbao za mapipa, Shaving inalipa zaidi. Efficient inavutia kwenye karatasi, ila kufikia hapo tayari unatumia nguvu 3 hadi 6 kwa mti, na kipande cha prizimati kina kazi nyingine nyingi.